Faili ndogo iliyokaribia kuizima sauti ya babu

JUMAMOSI moja mwezi wa Desemba mwaka 2022, shangazi yangu aishiye mtaani Buruburu, Nairobi, alinipigia simu kwa sauti ya mtu aliyevunjiwa nyumba. Kumbe hakuna mwizi aliyeingia. Kompyuta ya nyumbani ilikuwa imekataa kuchoma CD, na sasa ilikuwa ikikataa kufanya kazi nyingine yoyote.

Jambo lenyewe lilianza vyema. Jamaa zetu walikuwa wamepanga kukutana Nakuru siku ya Mwaka Mpya, na shangazi alikuwa ameahidi kuwapelekea ndugu zake nakala sita za video ya harusi yake ya mwaka 2003. Vijana wangeridhika na flashi. Wazee wa kwetu, la. Wao wana mashine ya DVD chini ya televisheni na wanataka kitu cha kushika mkononi.

Video hiyo ilikuwa katika CD tatu, maana CD moja ya video haibebi zaidi ya saa moja na robo hivi ya picha. Ya kwanza ni maandalizi na msafara wa magari. Ya pili ni kanisani. Ya tatu ni karamu, na katika karamu hiyo babu yangu anainuka, anaegemea mkongojo wake, na kumbariki binti yake kwa muda wa dakika nne.

Babu aliaga dunia mwaka 2006. Picha zake tunazo, tena nyingi. Lakini sauti yake haipo mahali pengine popote ila katika CD hiyo ya tatu, na wajukuu waliozaliwa baadaye hawakuwa wamewahi kumsikia akitamka hata neno moja.

Mtoto wa shangazi, ambaye ndiyo kwanza alikuwa ameingia chuoni, ndiye aliyekabidhiwa kazi hiyo. Rafiki yake alimpa programu ya zamani ya kuchoma CD, ya enzi za Windows 98. Akaiweka kwenye kompyuta yao yenye Windows 10. Alipoifungua, kisanduku kidogo kikatokea kwenye skrini kumweleza kwamba programu haiwezi kuanza kwa kuwa faili iitwayo wnaspi32.dll haipo.

Kijana akafanya kile ambacho wengi wetu tungefanya. Aliandika jina la faili hiyo kwenye intaneti, akapata tovuti iliyodai kuitoa bure, akaipakua. Ukurasa huo ulimwagiza azime kwanza programu ya kukinga virusi. Akaizima.

Matangazo yakaanza kufunguka yenyewe. Siku ya pili mtu asiyemjua akawa anatuma barua kwa kutumia anwani yake ya barua pepe. Siku ya tatu kompyuta haikuwaka sawasawa, na fundi akasema hana la kufanya ila kufuta kila kitu na kuanza upya. Kazi ya muhula mzima ikaenda, pamoja na CD mbili za harusi alizokuwa amekwisha kunakili. Bahati ni kwamba CD zenyewe zilikuwa bado katika bahasha yake.

Shangazi aliniuliza swali moja tu: faili gani hiyo isiyo na picha wala maneno, ambayo inaweza kumvurugia mtu maisha hivyo?

Hema la kikundi

Fikiria kikundi cha akina mama mtaani. Wamechanga, wakanunua hema moja, sufuria kubwa nne na viti mia moja. Aliye na ruracio, arusi au matanga haendi kununua hema lake. Huazima la kikundi, akalitumia, akalirudisha. Nyumba zote zingekuwa na mahema yao, mtaa mzima ungejaa turubai na pesa zingeisha.

Ndivyo Windows ilivyopangwa. Kazi zinazohitajiwa na programu nyingi, kama vile kuchora dirisha kwenye skrini, kutuma maandishi kwa printa au kuzungumza na mashine ya CD, zimewekwa katika faili za pamoja ambazo majina yake huishia kwa herufi dll. Wataalamu huziita faili za maktaba, kwa sababu programu huenda kuazima humo. Haziwezi kufunguliwa zikasomwa kama barua, na ukizibofya hakuna kitu kinachotokea. Hukaa kimya mpaka programu iziite.

Programu ikiita, Windows huanza kuitafuta faili hiyo. Kwa kawaida hutazama kwanza katika folda ya programu yenyewe, halafu katika folda yake kuu iitwayo System32, kisha kwingineko. Ikikosa kote, ndipo kile kisanduku hutokea.

Na hapa ndipo penye jambo ambalo lingefaa kufundishwa mapema shuleni. Faili ya dll ni programu kamili. Ina amri ndani yake, na ikishaitwa, amri hizo hutekelezwa kwa uwezo ule ule ilio nao programu iliyoiita. Kuichukua kwa mtu usiyemjua ni sawa na kumpa ufunguo wa nyumba mtu mliyekutana kituo cha matatu kwa sababu tu amekuambia anajua kupika.

Moto wa kweli

Neno "kuchoma" halikuchaguliwa kwa mzaha. CD ya kuandikwa ina tabaka jembamba la rangi, na mashine huelekeza mwali wa leza juu ya rangi hiyo hadi ikapata joto na kubadilika. Madoa hayo yaliyobadilika, yakipishana na sehemu ambazo hazikuguswa, ndiyo picha zako na nyimbo zako. Yamepangwa katika mstari mmoja unaozunguka kuanzia katikati kwenda nje, na lau ungeunyoosha mstari wa CD moja ungefika zaidi ya kilomita 5.

Katika Windows za siku hizi, kazi hiyo imegawiwa faili mbili za maktaba. Moja ni imapi2fs.dll. Hiyo ndiyo mpangaji: huchukua folda zako, ikazipa utaratibu, ikaandika orodha ya kilichomo na mahali kilipo, na kutengeneza taswira ya diski nzima kabla ya moto kuwashwa. Ya pili ni imapi2.dll. Hiyo huzungumza na mashine yenyewe: huiuliza kama ndani mna diski, kama ni tupu, inaweza kuandikwa kwa kasi gani, kisha huimiminia data.

Kumimina huko ndiko kulikotesa watu miaka ya tisini. Leza haikuweza kusimama njiani. Kompyuta ikichelewa kidogo kuleta data, ghala dogo la kumbukumbu lililomo ndani ya mashine hukauka, na CD huharibika papo hapo. Watu walikuwa wakichoma CD huku wakiwakataza watoto kugusa hata kipanya. Mwaka 2000 kampuni ya Sanyo ya Japani ilitoa mashine zenye ufundi uitwao BURN-Proof, zilizoweza kusitisha leza na kuendelea pale pale zilipoachia. Tangu hapo shida hiyo ikapungua sana. Stima ikipotea katikati ya kazi, hata hivyo, ufundi huo haukusaidii, na ile diski ni ya kutupa.

Sasa turudi kwenye wnaspi32.dll, maana ina historia yake.

CD zenyewe ziliingia sokoni mwaka 1982, zikiwa kazi ya Philips ya Uholanzi na Sony ya Japani, na wakati huo mtu wa kawaida hakuwa na namna ya kuziandika nyumbani. Mashine za kuandikia zilipoanza kufika majumbani, Windows haikujua kuzitumia. Kampuni ya Marekani iitwayo Adaptec ilikuwa na utaratibu wake wa kuzipa amri mashine za aina hiyo, nao uliitwa ASPI. Faili ya wnaspi32.dll ndiyo iliyokuwa mlango wa utaratibu huo. Windows 95 na 98 zilikuja nayo, na programu nyingi za kuchoma CD za wakati huo ziliiazima.

Windows 2000 ilipokuja haikuwa nayo. Windows XP ya mwaka 2001 pia haikuwa nayo, bali ilileta njia yake mpya, IMAPI, ambayo iliweza kuchoma CD bila mtu kununua programu nyingine. Ufundi wake ulitoka kwa Roxio, kampuni iliyozaliwa kutokana na Adaptec hiyo hiyo! Njia hiyo ilishughulikia CD tu. Ya kuchoma DVD, yaani IMAPI ya pili na zile faili zake mbili, ilifikia wanunuzi pamoja na Windows Vista mapema mwaka 2007.

Kwa hiyo binamu yangu alikuwa akitafuta mlango wa nyumba iliyohamwa zamani. Hata kama tovuti ile ingekuwa ya waungwana, na faili ile iwe ndiyo ya Adaptec hasa, isingemfaa. Faili hiyo haikuwa ikifanya kazi peke yake. Ilitegemea mwenzake aitwaye aspi32.sys, ambaye hukaa ndani kabisa mwa Windows na ndiye hufikisha amri kwa mashine. Mwenzake huyo aliandikwa kwa ajili ya Windows za biti 32. Windows za biti 64, ambazo ndizo zilizo katika kompyuta nyingi leo, haziwezi kumpokea.

Nikiwa papo hapo, wacha niwaondolee wanafunzi utata mmoja. Katika Windows ya biti 64, folda ya System32 ndiyo yenye faili za biti 64, na zile za biti 32 ziko katika folda iitwayo SysWOW64. Ndiyo, ni kinyume cha unavyotarajia. Microsoft waliacha jina la zamani lisibadilike ili programu zilizolizoea zisipotee njia, na matokeo yake ni kwamba mtu akipewa ushauri wa "itie katika System32" mara nyingi anaitia mahali pasipofaa.

Magomvi ya mahema

Kuazima kwa pamoja kuna raha yake, na kuna karaha yake. Tuseme mama mmoja amerudisha hema, lakini si lile alilochukua. Ni dogo zaidi, la mwaka juzi. Atakayefuata atakuta wageni wake wananyeshewa. Miaka ya tisini programu nyingi zilikuwa na tabia hiyo. Ukiweka programu mpya, inafuta faili ya pamoja na kuweka nakala yake iliyo nzee zaidi, na programu nyingine tatu zinakufa bila sababu unayoiona. Wenye kazi hiyo Marekani waliipa hali hiyo jina lenye maana ya jehanamu ya dll, na aliyewahi kukaa usiku kucha mbele ya Windows 98 hataona kwamba walitia chumvi.

Kuanzia Windows 2000, Microsoft iliweka ulinzi: programu ikibadilisha faili muhimu za Windows, mfumo unairudisha ile halali.

Programu za kuchoma diski zilikuwa na ugomvi wao wa pekee. Maarufu kuliko zote ilikuwa Nero, iliyotoka Ujerumani mwaka 1997. Jina lake kamili, Nero Burning ROM, ni utani juu ya Kaisari Nero na moto ulioteketeza mji wa Roma mwaka 64. Alama yake inaonyesha uwanja wa Colosseum ukiwaka moto. Wapenda historia watacheka, kwani siku ya moto ule uwanja huo haukuwa umejengwa.

Ilikuwa hatari kuweka programu mbili za namna hiyo katika kompyuta moja. Kila moja ilijipachika katikati ya Windows na mashine ya CD kama wakala wa nyumba, na mara nyingine ulipoifuta, uwakala wake ulibaki umesajiliwa ingawa mwenyewe hayupo. Hapo mashine ya CD hutoweka kabisa kwenye skrini. Ukiifungua kwa mkono inafunguka, taa inawaka, lakini Windows inakana kwamba haijapata kuiona. Wengi walienda kununua mashine mpya, ilhali tiba ilikuwa kufuta maandishi mawili, UpperFilters na LowerFilters, katika daftari la mipangilio la Windows. Kazi hiyo mwachie fundi anayejua anachofanya. Daftari hilo halisamehe.

Faili ni ya nani?

Kisanduku kikitokea mbele yako, usikimbilie intaneti kuitafuta faili. Jiulize kwanza faili hiyo ni ya nani.

Ikiwa ni ya Windows yenyewe, kama zile mbili zinazoanza na imapi, nakala halali kwa kawaida imo ndani ya kompyuta yako. Fungua dirisha lile jeusi la kuandikia amri, ukilifungua kwa mamlaka ya msimamizi wa kompyuta, kisha andika sfc, uache nafasi, uandike /scannow, ubonyeze kitufe cha kuingiza. Windows itakagua faili zake zilizolindwa, na itakayoikuta imeharibika au imetoweka itaiwekea nakala nzima kutoka katika akiba yake. Hiyo huchukua muda wa kupika chai na kuinywa.

Ikiwa ni ya programu fulani, iondoe programu hiyo, halafu uiweke upya kutoka kwa mwenyewe aliyeitengeneza. Faili iliyopungua itarudi na wenzake wote, na wa toleo moja.

Na ikiwa ni ya enzi iliyopita, kama wnaspi32.dll, achana na programu inayoiitisha. Huihitaji. Windows 10 na 11 huweza kuchoma diski zenyewe: weka diski tupu, kokota faili zako humo, uagize zichomwe. Ukiwa na taswira nzima ya diski, ile ambayo jina lake huishia kwa iso, tangu Windows 7 ya mwaka 2009 kuna kifaa kidogo cha kuichoma moja kwa moja.

Swali moja ambalo Windows hukuuliza unapoweka diski tupu limewaangusha wengi. Hutaka kujua kama utaitumia diski kama flashi, au utaitumia katika mashine za CD na DVD. Ukichagua ya kwanza unaweza kuongeza na kufuta faili unavyotaka, lakini huenda mashine ya sebuleni isiitambue kabisa. Ukitaka diski isomwe kwingi, chagua ya pili. Hata hivyo, kukokota faili ya video na kuiweka kwenye DVD hakuigeuzi kuwa DVD ya filamu. Mashine nyingi za zamani hutaka folda iitwayo VIDEO_TS iliyopangwa kwa kanuni zake. Windows Vista na Windows 7 zilikuwa na programu ya kazi hiyo katika matoleo yake kadhaa, lakini tangu Windows 8 ya mwaka 2012 iliondolewa, kwa hiyo utalazimika kutafuta nyingine.

Baada ya kuchoma, iagize programu ihakiki ilichoandika kama ina nafasi ya kufanya hivyo. Wengi huruka hatua hiyo kwa haraka. Ni dakika chache tu, nazo ndizo zitakazokuambia kama umechoma harusi au umechoma plastiki.

Rangi inayofifia

Nilipoichukua CD ya tatu kwa shangazi niliitazama mwangani na moyo ukanishuka. Mtu alikuwa ameandika juu yake kwa kalamu ya mpira, akikandamiza kweli kweli, jina la bwana arusi na tarehe.

Watu wengi huogopa kukwaruza upande unaong'aa na kusahau upande wa juu. Katika CD mambo ni kinyume. Kuanzia chini kuna plastiki nene zaidi ya milimita moja, na data iko juu yake, chini tu ya ile rangi ya jina. Mkwaruzo wa chini mara nyingi huweza kung'arishwa ukatoka. Mkwaruzo wa juu huweza kuondoka na data yenyewe. DVD ina afadhali kwa hilo, kwani data yake imo katikati ya vipande viwili vya plastiki.

Kisha kuna ile rangi iliyochomwa. Jua huiharibu, joto huiharibu, unyevu huiharibu. Taasisi ya Viwango na Teknolojia ya Marekani ilitoa mwongozo wa utunzaji wa diski mwaka 2003, na maagizo yake si magumu: zishike ukingoni, zisimamishe wima ndani ya jalada lake mahali pa baridi, pakavu na penye giza, usizibandike karatasi, na ukiandika tumia kalamu laini ya wino wa maji. Ukifuta vumbi, pangusa kutoka katikati kwenda nje, wala usizungushe kitambaa kama unayeosha sahani.

CD za video za aina ya ile ya shangazi zina udhaifu mwingine. Katika CD ya data, kila kipande hubeba baiti 2,048 za data yako, na nafasi iliyosalia hushikilia, miongoni mwa mengine, hesabu za kusahihisha makosa. CD ya video hubeba baiti 2,324 kwa kila kipande, kwa kuwa imeacha sehemu ya hesabu hizo ili picha nyingi zaidi ziingie. Mashine ya sebuleni ikikutana na doa huliruka na kuendelea. Windows ikiagizwa kunakili faili hiyo hiyo hujaribu, hujaribu tena, kisha huikataa yote.

Ndivyo ilivyofanya kwangu. CD ya kwanza na ya pili zilinakiliwa bila neno. Ya tatu ilifika karibu katikati, mashine ikaanza kunguruma, na kazi ikakatika. Nilijaribu mara nne.

Usikate tamaa mapema kwa diski iliyokataa. Mashine hazilingani macho. Rafiki yangu mmoja mpiga picha bado anayo kompyuta ya mezani yenye mashine mbili za zamani, na nilimpelekea bahasha. Mashine ya kwanza ilikataa. Ya pili ilikubali, kwa programu ya kuokoa data ambayo huruka doa na kulirudia baadaye badala ya kususia diski nzima. Ilichukua muda wa saa mbili na ushei kusoma diski ambayo ikiwa nzima ingesomwa kwa dakika chache.

Tulizigeuza zote tatu kuwa muundo wa DVD. CD tatu hazifiki hata nusu ya gigabaiti 4.7 zinazobebwa na DVD moja, kwa hiyo harusi nzima ilienea katika diski moja. Nakala sita tulizichoma kwa kifaa kile kile cha Windows, bila kuongeza programu yoyote, tena polepole, na kila moja ikahakikiwa. Taswira yake tukaihifadhi katika diski mbili za nje, moja kwa shangazi na nyingine kwangu.

Nisingependa msomaji angoje hadi Desemba nyingine. Kompyuta nyingi za mapajani zinazouzwa sasa hazina mahali pa kuingiza diski. Itakubidi ununue kisomeo cha nje cha kuchomeka. Sony, ambao walikuwa miongoni mwa walioanzisha haya yote, walitangaza mwezi Januari 2025 kwamba wanaacha kutengeneza diski za Blu-ray za kuandikwa, na Februari wakaacha. Zile faili mbili za maktaba bado zinangoja ndani ya Windows 11, lakini wa kuziamsha wamepungua.

Siku ya Mwaka Mpya tulikusanyika mbele ya televisheni kule Nakuru, wazee kwenye viti, watoto sakafuni. Babu alipoinuka na mkongojo wake, chumba kikanyamaza. Binamu yangu yule alikuwa ameketi karibu na mlango akitazama miguu yake. Dakika ya pili ya maneno ya babu picha ilikatika vipande vipande, na neno moja likaruka. Doa lilikuwa hapo.

Shangazi, aliyekuwa jikoni akipakua pilau, akalitamka neno hilo kwa sauti, na babu akaendelea.